Mieleka wanapanga, shabiki anapangua

Ikitolewa penalti ya utata dakika za majeruhi, au kipa akitema shuti ambalo hata mtoto wa chandimu angelidaka, kauli ya kwanza kusikika kwenye vibanda umiza ni ileile: "Hii sasa ni mieleka." Hakuna anayeomba ufafanuzi. Maana yake matokeo yalishapangwa, kilichobaki ni maigizo.

Kauli hiyo inaitukana soka. Lakini pia inaonyesha kwamba wengi wanaoitoa hawajui mieleka ya kwenye runinga inaendeshwaje. Ni kweli mshindi anajulikana kabla kengele haijagongwa. Ni kweli kuna watu wanakaa mezani wiki nzima wakiandika nani ashinde, nani apigwe na apigwe kwa mtindo gani. Kisichojulikana sana ni kwamba watu hao, pamoja na mamlaka yote waliyonayo, wameshapinduliwa zaidi ya mara moja. Waliowapindua si wanamieleka. Ni mashabiki waliolipa viingilio.

Hapo ndipo shabiki wa soka ana cha kujifunza. Maana soka nayo ina meza yake, ina pazia lake, na nyuma ya pazia hilo kuna watu wanaoamua mambo makubwa bila kumuuliza mtu.

SIRI ILIYOKWISHA ZAMANI

Wanaodhani wamegundua siri kwa kusema mieleka ni ya uongo wamechelewa sana. Mwaka 1989 kampuni ambayo leo inaitwa WWE, wakati huo ikijulikana kama WWF, iliwaambia wabunge wa jimbo la New Jersey, Marekani, kwamba kazi yake ni burudani na si mashindano halisi ya michezo. Haikusema hivyo kwa kupenda ukweli. Ilitaka kutoka mikononi mwa kamisheni za michezo, ambazo zilikuwa na masharti yake na kodi zake. Tangu siku hiyo, mtu mzima anayekata tiketi ya mieleka anajua anakwenda kutazama nini.

Kinachofanyika ni hivi. Kampuni ina timu ya waandishi wa hadithi. Wanapanga nani awe steringi, nani awe adui, ugomvi wao uanze vipi na uishie wapi. Juu yao yupo bosi mmoja mwenye neno la mwisho. Kwa miaka mingi alikuwa Vince McMahon, aliyeinunua kampuni kutoka kwa baba yake mwaka 1982. Tangu Julai 2022 kiti hicho amekalia Paul Levesque, ambaye mashabiki wanamjua zaidi kwa jina la Triple H.

Siku ya onyesho, wapiganaji wanakutana na wasimamizi wa mapambano, wengi wao wakiwa wanamieleka wastaafu. Wanaelezwa pambano linaishaje na wamepewa dakika ngapi. Mengi ya katikati wanayajaza wenyewe kulingana na uzoefu wao. Refa anavaa kifaa sikioni, na kupitia hicho anapokea maelekezo: ongezeni mwendo, malizeni, muda umekwisha. Maelekezo hayo yanatoka kwenye kituo kilicho nyuma tu ya pazia, kinachoitwa Gorilla kwa heshima ya marehemu Gorilla Monsoon, mwanamieleka aliyekuwa akikaa hapo.

Zama za McMahon, skripti ilikuwa inaweza kupinduliwa siku hiyohiyo ya onyesho. Waandishi walifika na kazi ya wiki nzima, jioni wakaondoka na kitu kingine kabisa. Mwaka 2025 Netflix ilitoa mfululizo wa vipindi ulioingiza kamera hadi kwenye chumba cha waandishi, na dunia ikaona jinsi mabosi wanavyobishana kuhusu nani abebe mkanda.

Kwa hiyo hakuna ubishi. Mieleka inapangwa. Ishu ni kwamba inapangwa kwa ajili ya nani, na nani analipa mpango ukienda kombo.

USIKU WA MONTREAL

Mfano mkubwa wa bosi kuamua peke yake ni wa Novemba 9, 1997, mjini Montreal, Kanada. Bret Hart alikuwa bingwa. Alikuwa pia shujaa wa taifa hilo, na tayari alishasaini dili la kuhamia WCW, kampuni pinzani iliyokuwa inaikaba koo WWF kila Jumatatu usiku kwenye runinga.

McMahon aliogopa bingwa wake aondoke na mkanda. Hart naye alikuwa hataki kupoteza kwa Shawn Michaels, mtu asiyeelewana naye hata nje ya ulingo, mbele ya Wakanada wenzake. Mkataba wake ulimpa sauti juu ya hadithi yake katika siku zake za mwisho. Wakakubaliana pambano livurugike na mshindi asipatikane, kisha suala la mkanda limalizwe baadaye.

Kilichofuata ni balaa. Michaels alimkunja Hart miguu na kumgeuza kifudifudi, kwa mtindo uleule uliompa Hart umaarufu. Hart hakukubali kushindwa. Hakugonga sakafu, wala hakusema neno. Lakini McMahon, aliyekuwa amesimama pembeni ya ulingo, aliamuru kengele igongwe. Refa Earl Hebner akakimbia. Michaels akatangazwa bingwa. Hart alipoelewa alichofanyiwa, alimtemea bosi wake mate usoni, na baadaye huko vyumbani akampiga ngumi.

Ajabu ya usiku ule ni hii: katika mchezo ambao kila kitu kinapangwa, tukio linalokumbukwa kuliko yote ni lile ambalo mhusika mkuu hakuambiwa limepangwa. Waliokuwa ukumbini walizomea kwa hasira ya kweli. Hawakuzomea kwa sababu Hart ameshindwa. Adui kushinda ni kawaida ya mieleka. Walizomea kwa sababu waliona mtu anadhulumiwa kazini kwake.

McMahon alitetea uamuzi wake kwa hoja ya biashara, na hoja hiyo ina mashiko. Kampuni ilikuwa na hali ngumu, mkanda ulikuwa mali yake, na mshindani alikuwa mlangoni. Hata hivyo njia aliyotumia iliacha kidonda kirefu. Hart hakurudi kufanya kazi kwenye maonyesho ya kampuni hiyo mpaka mwaka 2010.

MEZA HAIANGUKI, MTU ANAANGUKA

Familia hiyohiyo ya Hart ililipa gharama kubwa zaidi miezi 18 baadaye. Mei 23, 1999, mjini Kansas City, Marekani, mdogo wake Bret, Owen Hart, alipangiwa kuingia ulingoni kwa kushushwa kutoka darini akiwa amefungwa mikanda. Ilikuwa sehemu ya kichekesho, aigize shujaa asiyejua anachokifanya. Kifungo kikaachia kabla ya wakati. Owen alianguka ulingoni na kupoteza maisha akiwa na umri wa miaka 34.

Onyesho liliendelea. Uamuzi huo wa kuendelea ulifanyika nyuma ya pazia kwa dakika chache, na unalaumiwa hadi leo. Familia ilikwenda mahakamani, na kampuni ikakubali kulipa dola milioni 18 kumaliza kesi.

Anayesema mieleka ni uongo akumbuke kifo hicho. Ushindi unaandikwa kwenye karatasi, lakini mwili unaoanguka si wa karatasi. Anayeandika haumii. Anayeumia ni aliyetumwa kutekeleza. Ndiyo maana mtu anayeamua mambo nyuma ya pazia anahitaji mtu wa kumwambia hapana, na mwanamieleka mwenyewe mara nyingi hawezi, kwa sababu kesho anataka kazi.

Aliyebaki wa kusema hapana ni shabiki.

KELELE ZA DANIEL BRYAN

Mwaka 2013 alikuwepo jamaa mmoja mwenye ndevu nyingi na mwili mdogo kuliko mabingwa waliozoeleka, Daniel Bryan. Alikuwa fundi wa kweli ulingoni. Mashabiki walimpenda kupita kiasi. Alikuwa akinyoosha vidole juu na ukumbi mzima unamfuata kwa kelele za "Yes! Yes! Yes!"

Agosti 18 mwaka huo alimpiga John Cena na kutwaa ubingwa. Furaha haikumaliza hata dakika 10. Triple H alimgeuka, Randy Orton akaingia na haki yake ya kudai pambano la ubingwa wakati wowote, mkanda ukahama. Kwenye hadithi, mabosi wakawa wanamwambia Bryan kwamba yeye ni mzuri lakini si wa daraja la juu.

Hapo bado ilikuwa hadithi. Mambo yaligeuka Januari 26, 2014, kwenye Royal Rumble mjini Pittsburgh. Hilo ni pambano la watu 30 wanaoingia mmoja mmoja, na mshindi anapata nafasi ya kugombea ubingwa WrestleMania, ambayo kwa mieleka ni kama fainali ya Kombe la Dunia. Ukumbi ulimsubiri Bryan. Akaingia wa 28, siye. Wa 29, siye. Wa 30 akatokea Rey Mysterio, kipenzi cha watoto wa dunia nzima, na akazomewa. Si kwa kosa lake. Kosa lake lilikuwa kutokuwa Daniel Bryan.

Mshindi akawa Batista, aliyekuwa ametoka kurudi baada ya miaka kadhaa nje ya mieleka. Aliletwa kama steringi. Ukumbi ukamzomea kama adui. Kwa mpango huo, pambano kuu la WrestleMania lingekuwa Orton dhidi ya Batista, na hakuna aliyelitaka. Siku iliyofuata CM Punk, staa mwingine mkubwa, akafungasha virago na kuondoka kwenye kampuni.

Wiki zikapita na kelele hazikupungua. Kila mji ulioandaa onyesho ulilizamisha kwa jina la Bryan, hata pale ambapo yeye hakuwepo ulingoni. Machi 10, mjini Memphis, hadithi ikageuzwa rasmi. Bryan aliujaza ulingo watu waliovaa fulana zake, akagoma kutoka hadi apewe pambano na Triple H, na akishinda aingizwe kwenye pambano la ubingwa usiku huohuo.

Aprili 6, 2014, mjini New Orleans, alimpiga Triple H mwanzoni mwa onyesho, na mwishoni akawapiga Orton na Batista. Ilitangazwa kuwa watu 75,167 walikuwepo. Kwa nusu dakika ya mwisho hakukuwa na mwandishi wala bosi, kulikuwa na uwanja mzima umenyoosha vidole juu.

Wapo wanaosema huo wote ulikuwa mchongo wa kampuni tangu mwanzo, kwamba walimnyima makusudi ili utamu uzidi. Hoja hiyo haisimami. Hakuna kampuni inayomrudisha staa kwa gharama, kumpa Royal Rumble, halafu ikafurahia akizomewa. Walikuwa na mpango wao. Mashabiki wakaukataa, wakaandikiwa mwingine.

SHABIKI HALAZIMISHWI KUPENDA

Mwaka uliofuata ilionekana kama hawakujifunza kitu. Januari 25, 2015, mjini Philadelphia, Bryan aliingia Royal Rumble na kutolewa mapema. Roman Reigns akashinda. Ukumbi ukawaka kwa kuzomea. The Rock, ndugu yake Reigns kwenye hadithi na mmoja wa watu wanaopendwa zaidi kwenye historia ya mieleka, aliingia kumsaidia na akamnyanyua mkono. Haikusaidia. The Rock mwenyewe alisimama pale anashangaa.

Bosi hakurudi nyuma. Reigns aliwekwa kwenye pambano la mwisho la WrestleMania miaka minne mfululizo, kuanzia 2015 hadi 2018. Miaka yote hiyo alipangwa kuwa steringi, na miaka yote hiyo sehemu kubwa ya ukumbi ilimzomea. Kijana wa watu hakuwa mbovu. Alipewa nafasi isiyo yake.

Ushahidi ulikuja Agosti 2020. Reigns alirudishwa akiwa adui, mbabe anayetaka ukoo mzima umpigie magoti. Siku hiyo kila kitu kikakaa mahali pake. Akashika mkanda wake kwa siku 1,316, na waliokuwa wakimzomea kwa kuchoka wakaanza kumzomea kwa raha. Kumbe shabiki hakuwa anamkataa Reigns. Alikuwa anakataa kuchaguliwa wa kumpenda.

Kati ya hapo kuna habari ya Kofi Kingston, Mghana wa kuzaliwa. Alipoanza WWE mwaka 2008 waliokaa mezani walimtambulisha kama Mjamaika, na akatakiwa kuongea kwa lafudhi ya huko. Baadaye wakaachana na hilo, akawa Mghana hadharani. Kwa miaka 11 alikuwa mtu wa kuchangamsha, wa kuruka vizuri, si wa kupewa mkanda mkubwa.

Februari 2019 mwenzake Mustafa Ali aliumia, Kofi akaingizwa kuziba pengo. Alipigana zaidi ya saa nzima usiku mmoja, akiwapiga wapinzani watatu mfululizo. Ukumbi ukaamka. Waliokuwa wamejazia nafasi tu wakajikuta wana mtu ambaye watu wanamlilia. Aprili 7, 2019, alimpiga bingwa kwenye WrestleMania na kuwa Mwafrika wa kwanza wa kuzaliwa barani kutwaa ubingwa huo. Bingwa aliyempiga alikuwa nani? Daniel Bryan, safari hii akiwa adui.

Lakini habari ya Kofi ina mwisho mchungu, na haifai kufichwa. Oktoba 4 mwaka huohuo, usiku ambao kipindi kilihamia runinga ya Fox, aliwekwa mbele ya Brock Lesnar. Pambano halikufika sekunde 10. Mkanda ukaondoka, na hadithi yake ya ubingwa ikazikwa hapohapo. Shabiki anaweza kufungua mlango kwa kelele. Akinyamaza, wenye meza wanaufunga.

WIKI MOJA YA CODY RHODES

Mfano wa karibuni unaonyesha kwamba mabosi wakitaka, wanasikia haraka. Cody Rhodes alishinda Royal Rumble mara mbili mfululizo, 2023 na 2024. Mwaka 2023 alipoteza kwa Reigns kwenye WrestleMania. Alichokuwa anasaka kinajulikana: ubingwa ambao baba yake, Dusty Rhodes, hakuwahi kuupata kwenye kampuni hiyo.

Februari 2, 2024, mjini Birmingham, Alabama, Cody alitokea mbele ya Reigns, akasema hatakuwa yeye wa WrestleMania, kisha akampisha The Rock. Siku chache kabla yake, The Rock alikuwa ameingia kwenye bodi ya TKO, kampuni inayoimiliki WWE. Picha ikawa mbaya: mjumbe wa bodi anaingia, mtu aliyeshinda nafasi yake kihalali anatoka.

Mitandaoni kukachafuka. Video ya tukio hilo kwenye YouTube ikajazwa alama za kuichukia, na kaulimbiu ya kumtaka Cody ikatembea dunia nzima. Siku sita baadaye, kwenye mkutano na waandishi wa habari Las Vegas, Cody akapanda jukwaani na kusema nafasi yake anaichukua. The Rock akamzaba kofi. Mtu aliyeletwa kama shujaa akageuzwa adui, na akaicheza sehemu hiyo vizuri ajabu. Aprili 7 mjini Philadelphia, Cody akampiga Reigns na kumaliza zile siku 1,316.

Bryan ilibidi asubiri miezi. Reigns alipotezewa miaka. Kwa Cody ilikuwa wiki moja, na matunda yake ni moja ya WrestleMania zilizosifiwa zaidi. Kusikia mapema hakukumshusha bosi hadhi. Kulimwokolea onyesho.

MEZA YA SOKA

Sasa shabiki wa soka anahusikaje? Anahusika kwa sababu mambo mengi anayoyaona uwanjani yameamuliwa na watu asiowaona. Bei ya tiketi, saa ya mechi, rangi ya jezi, nembo ya klabu, nani acheze ligi gani. Hakuna mwamuzi anayepuliza filimbi kwenye vikao hivyo.

Aprili 18, 2021, klabu 12 kubwa za Ulaya zilitangaza ligi yao, European Super League, ambayo waanzilishi wake wasingeshuka hata wakicheza ovyo. Hiyo ndiyo ilikuwa skripti ya mieleka hasa: steringi wameshachaguliwa, wengine wote ni wa kupigwa. Siku mbili baadaye mashabiki wa Chelsea walifunga barabara nje ya Stamford Bridge kabla ya mechi na Brighton, na Petr Cech, kipa wao wa zamani aliyekuwa kiongozi wa klabu, alitoka kuwasihi wapishe basi. Usiku huo klabu zote sita za Uingereza zikawa zinajitoa. Mpango wa mabilionea ulidumu saa 48.

Februari 2016, mashabiki wa Liverpool waliambiwa kuna tiketi zitafika pauni 77. Dakika ya 77 ya mechi dhidi ya Sunderland, maelfu wakasimama na kutoka Anfield, timu yao ikiongoza 2-0. Mechi iliisha 2-2. Ndani ya siku chache wamiliki waliomba radhi na kufuta bei hiyo.

Cardiff City nao, timu ya bluu miaka yote, walivalishwa jezi nyekundu mwaka 2012 kwa uamuzi wa mmiliki Vincent Tan. Hata timu ilipopanda Ligi Kuu ya England, wengi hawakuikubali nyekundu. Januari 2015 bluu ikarudi. Tan, kama Vince, aligundua kwamba ukiwa na hela unaweza kununua klabu, lakini huwezi kununua mapenzi ya waliokuwepo kabla yako.

Hapa nyumbani kipimo kilikuwa Machi 8, 2025. Usiku wa kuamkia dabi ya Kariakoo, Simba walitangaza hawatacheza wakilalamika kuzuiwa kufanya mazoezi Uwanja wa Benjamin Mkapa. Siku yenyewe ya mechi, Bodi ya Ligi ikatangaza kuiahirisha. Yanga wakafika uwanjani. Mechi ilichezwa Juni 25 na Yanga wakashinda 2-0. Nani alikuwa na haki kati ya pande hizo, kila shabiki ana jibu lake kulingana na jezi yake. Lakini kuna mtu mmoja ambaye jezi yake haibadilishi kitu: aliyetoka mkoani kwa basi, akalala kwa ndugu, akafika mjini na kuambiwa mechi haipo. Huyo hakuulizwa jambo kwenye kikao chochote.

MPAKA UNAPOPITA

Kuna mpaka ambao lazima uchorwe vizuri, maana ukivukwa soka inakufa. Kwenye mieleka, shabiki ana haki ya kubadili matokeo. Hakuna anayedhulumiwa, kwa sababu hakuna shindano. Batista hakuibiwa ushindi alioutolea jasho, alipewa kwa kalamu na ukaondoka kwa kalamu.

Kwenye soka, matokeo si mali ya shabiki, si mali ya bosi, na si mali ya refa. Ni mali ya wale 22 waliomo uwanjani. Shabiki anayemtisha mwamuzi ili timu yake ipewe penalti hapaswi kujilinganisha na mashabiki wa Daniel Bryan. Anafanya kazi ya Vince McMahon usiku wa Montreal, kuamuru kengele igongwe wakati mtu hajashindwa. Na kiongozi anayekubali mechi ipangwe ni mbaya kuliko bosi yeyote wa mieleka, kwa kuwa bosi wa mieleka alishasema tangu 1989 kwamba anauza burudani. Huyu wa soka anauza uongo kwa bei ya ukweli.

Nguvu ya shabiki wa soka iko kwingine. Iko kwenye ratiba, kwenye viingilio, kwenye jezi, kwenye namna klabu inavyoendeshwa na mapato yanavyotumika. Huko ndiko kelele zake zinatakiwa zisikike. Bahati mbaya, huko ndiko kimya kimezidi. Watu wanatukanana wiki nzima kuhusu kadi nyekundu moja, lakini mkutano mkuu wa wanachama ukiitishwa wanakwenda wachache, na wengine wanakwenda kwa ajili ya fulana na pilau.

Mashabiki wa mieleka walifanikiwa kwa mambo mawili. Kwanza, walikuwa na neno moja. Waliokuwa Pittsburgh, waliokuwa Memphis na waliokuwa New Orleans walisema kitu kilekile. Pili, hawakuchoka. Kwa Bryan walipiga kelele kuanzia majira ya joto hadi msimu wa mvua wa mwaka uliofuata. Walipolegea kwa Kofi, walimkuta Lesnar anamsubiri.

Mashabiki wa soka wa hapa wana idadi, wana sauti, na wana mapenzi ambayo WWE ingeyanunua kwa dola. Kinachokosekana ni hilo neno moja. Mbele ya uamuzi mbovu, Msimbazi wanauangalia kwa jicho la nani ameumia, Jangwani vilevile, na aliyeamua anapita katikati salama salimini. Siku pande hizo mbili zikikubaliana kuhusu jambo moja tu, hata kama ni saa ya kutangaza kuahirishwa kwa mechi au fidia ya aliyesafiri, watu wa mezani watasikia kama alivyosikia Triple H.

Kwa viongozi, somo ni fupi zaidi. Kuamua ni kazi yao na hakuna anayewanyang'anya. Lakini waamue wakijua kwamba nje ya pazia kuna watu waliolipa, na kwamba bosi mwerevu anabadili skripti kelele zikiwa bado changa. Akisubiri hadi ukumbi uwe mtupu, hatakuwa na wa kumwandikia.